Ikigoma, Irudishe Nyuma

Daisy alisukuma sahani ya ugali bila kuigusa, akaenda kujilaza kwenye kochi na sweta yake ya shule. Akeyo, mama yake, akamtazama mumewe. Ouma alikuwa ameinamia omena wake, dagaa wa ziwani, akiwachambua mmoja mmoja kama anayetoa mifupa, na omena, tangu Mungu aumbe ziwa, hajawahi kutolewa mfupa na mtu mwenye njaa.

"Baba Daisy, huyu mtoto si mzima."

"Amechoka tu. Shule imefunguliwa juzi."

"Kuchoka gani kwa mtoto wa miaka nane? Tangu tutoke nyumbani Krismasi hajamaliza sahani hata moja. Na leo nimemtoa odowa mfukoni."

Ouma aliinua kichwa. Odowa ni lile jiwe laini la kutafuna, huuzwa kwa mafungu Soko la Toi, karibu na mahali Akeyo alipotandika mitumba yake ya watoto. Wajawazito hulitafuna kama peremende na hakuna anayewauliza. Lakini mtoto akianza kulitafuta, kina mama wa kwao Akeyo husema damu yake imepungua.

"Nani alimuuzia?"

"Aliuziwa, aliokota, mimi sijui. Nimemuuliza akaniambia inanukia kama mvua."

"Basi kesho nampeleka kliniki kwa Ndegwa. Kuna mashine pale. Tuache kubahatisha."

Alisema "kuna mashine pale" jinsi mwanamume mwingine angesema "kuna ng'ombe wangu pale". Akeyo alilisikia lile jivuno. Jivuno lilikuwa jipya nyumbani humo, na kwa kweli lilikuwa limempendeza mumewe kama shati jipya.

Mashine yenyewe ilikuwa ya kupima damu, na Ndegwa aliinunua kuukuu kwa hospitali moja iliyokuwa ikiitupa. Ilikuwa na ukaidi wa wazee: ilisikiliza programu moja tu, na programu hiyo iliishi kwenye Windows moja tu, ile ya zamani, yenye kilima cha kijani na mawingu meupe. Siku moja umeme ulipotea Kawangware nzima, ukarudi kwa kishindo, na ile kompyuta kuukuu iliyoiendesha mashine ikatoa moshi. Mainjinia wa mjini walikuja, wakatikisa vichwa, wakamwambia Ndegwa anunue mashine mpya. Aliposikia bei ilibidi atafute kiti.

Ouma alikuwa na kibanda cha kutengeneza simu na kompyuta hapo steji ya Kawangware 56, kwenye ploti ya huyo huyo Ndegwa. Alichomoa diski kwenye kompyuta iliyokufa, akavuta kila kitu kilichokuwamo, akakipanga ndani ya laptop mpya. Ukiifungua ile laptop, ndani ya kioo chake kilifunguka kioo kingine kidogo, chenye kilima chake na mawingu yake, na programu ya damu ikaamka humo kama hakuna kilichotokea.

"Ni kompyuta ndani ya kompyuta," alimweleza Ndegwa. "Hii ya ndani haijui kama ile ya zamani ilikufa. Inadhani bado iko kwa nyumba yake."

Ndegwa alicheka mpaka akafuta macho. Kisha akamlipa nusu ya walivyopatana, akamshika bega. "Hiyo ingine, Fundi, tufanye hivi. Familia yako ikiugua, hapa hamlipi kupimwa. Nyinyi ni watu wangu."

Ouma alishukuru. Angefanya nini na kibanda kiko kwenye ploti ya mtu? Akeyo alipoletewa habari hiyo aliuliza kupimwa bure kunapikwa na mboga gani.

Kulikuwa na kasoro moja tu. Programu ya ndani iligoma mara kwa mara, ikakwama kama punda njia panda. Ouma akapata dawa yake. Jioni moja, maabara ilipokuwa imefanya kazi kutwa bila tatizo, aliihifadhi ile kompyuta ya ndani nzima jinsi ilivyokuwa dakika hiyo. Kisha akamwita Tabby, msichana wa maabara, akamwonyesha mahali pa kubonyeza.

"Ikigoma usinipigie simu. Irudishe nyuma. Itarudi vile ilikuwa siku hii, ikiwa sawa."

"Ni hivyo tu?"

"Ni hivyo tu."

Tabby alibonyeza mara moja, akaona kilima kinafifia na kurudi, akatabasamu. Alikuwa msichana mwepesi wa kujifunza.

*

Ndegwa alikuwa tabibu kwa cheti na mwenye ploti kwa kuzaliwa, na watu wa Kawangware walikuwa hawajaamua ni kazi ipi aliipenda zaidi. Alimpokea Ouma mlangoni asubuhi iliyofuata, akapita katikati ya kina mama waliokaa kwenye benchi na watoto mapajani.

"Fundi wetu! Na huyu ndiye malkia? Tabby, mchukue huyu mrembo, mpime vizuri, ni mtoto wa nyumbani. Fundi, kuja kidogo, printa ya ofisi inanisumbua."

Kwa hiyo Daisy aliingia maabara peke yake, na babake akaingia ofisini kupiga magoti mbele ya printa. Alikuta karatasi imejikunja ndani. Alipoitoa, Ndegwa alimwomba aangalie pia kwa nini simu ya mke wake haishiki chaji. Ouma aliangalia. Hakuna aliyetaja malipo, na Ouma aliona aibu kuyataja na mtoto wake anapimwa bure chumba cha pili.

Tabby alileta majibu kabla Ouma hajaifunga ile simu. Ndegwa aliisoma karatasi, hakumtazama mtoto.

"Kumi na mbili nukta nne. Hii ni damu ya askari. Mpe dawa ya minyoo na vitamini, na umkataze kula mawe."

Ouma alitoka pale akiwa ameshika mkono wa bintiye, na moyo wake ulikuwa mwepesi. Furaha yake ilikuwa ya namna mbili: mtoto alikuwa mzima, na aliyesema hivyo ilikuwa mashine aliyoifufua yeye. Walipofika Riruta Daisy alisema miguu imechoka, akambeba mgongoni. Hakuuona uzito wake, wala hakujiuliza kwa nini.

Nyumbani Kibera walimkuta Ndanu, jirani wa mlango wa pili, ameketi na Akeyo akichambua sukuma wiki. Billy, mwanawe, ambaye alikuwa ndio kwanza ameanza kusimama kwa kushika vitu, alikuwa ameshika goti la mamake.

"Iko sawa," Ouma alitangaza, akaitandaza karatasi mezani. "Kumi na mbili nukta nne. Damu ya askari."

Akeyo alimvuta Daisy karibu na mlango, penye mwanga, akashusha kope ya chini ya jicho lake kwa kidole gumba.

"Njoo uone hapa ndani. Ni nyeupe kama hiyo karatasi yako."

"Mama Daisy, hiyo ni mambo ya kijijini. Jicho linaweza kukudanganya. Mashine inahesabu."

"Mashine gani, si ni wewe uliiunga juzi?"

"Ndio maana najua haiwezi kudanganya."

Ndanu alicheka, kwa kuwa alipenda kuwasikia hawa wawili wakivutana. Kisha akauliza ikiwa hata yeye angeweza kumpeleka Billy huko. Mtoto alikuwa na joto la mwili linalokuja na kwenda.

"Mpeleke hata kesho," Ouma akasema. "Mwambie Tabby ni mimi nimekutuma, watakupunguzia."

Ndanu alimpeleka. Alirudi na karatasi safi kama ya Daisy na chupa ya dawa ya watoto wanaoota meno, akamshukuru Ouma mbele ya ploti nzima. Ouma alisema si kitu, Mama Billy, majirani ni wa nini.

*

Wiki iliyofuata Daisy alianguka kwenye gwaride la shule, wimbo wa taifa ukiendelea. Mwalimu alimpigia Akeyo, Akeyo akaziacha nguo zake Toi kwa jirani wa kibanda, akafika shuleni, akamkuta mtoto amelazwa kwenye dawati, midomo imepauka. Ouma alifika baadaye kidogo akitokea Kawangware.

"Hospitali kubwa," Akeyo akasema. "Sasa hivi."

"Hospitali kubwa tutakaa foleni mpaka jioni, na watauliza majibu. Wacha nipitie kwa Ndegwa, wampime tena, niende nikiwa na kitu mkononi."

"Baba Daisy."

"Ni dakika chache. Na hakuna pesa ya kupimwa huko, unajua."

Hiyo ya mwisho ilikuwa kweli, na ndiyo iliyomshinda Akeyo nguvu. Alimfunga mtoto leso kifuani. "Mpitishe. Lakini usinirudishie huyu mtoto nyumbani kabla daktari wa kweli hajamwona. Mimi natangulia huko, nitawangojea mlangoni."

Kwa Ndegwa benchi ilikuwa imejaa kama kawaida. Ouma aliingia maabara moja kwa moja, Daisy mgongoni, akamketisha kwenye kiti.

"Niaje, Fundi," Tabby akasema. "Heri umekuja, nilikuwa nataka uone kazi yako. Hii kitu siku hizi ni moto."

Alimtoboa Daisy kidole kwa upole, akavuta damu kwenye kichupa, akabandika nambari tisa, akakisimamisha kichupa kwenye kishikio kando ya mashine. Kisha akageukia laptop, akaandika jina la Daisy, akabonyeza tisa. Printa ikanguruma.

Ouma alikitazama kile kichupa. Bado kilikuwa kimesimama kwenye kishikio chake, kimejaa.

"Tabby, hiyo damu bado iko hapa."

"Eeh. Nitaiingiza saa hii."

"Sasa hayo ni majibu ya nini?"

"Si ndio nakwambia?" Tabby aliikata ile karatasi kwa fahari. "Zamani tulikuwa tunangoja mashine inywe, izunguke, ifikirie. Tangu uibadilishe, inatoa majibu hata kabla damu haijaingia."

Ouma aliuliza polepole, kama mtu anayepita juu ya ubao uliooza.

"Na hii ya kurudisha nyuma, unaitumia lini?"

"Kila asubuhi, nikifungua. Nisingoje mpaka igome. Ukiirudisha inakuwa nyepesi, siku nzima haikwami."

"Tangu lini?"

"Tangu unifunze."

Ouma hakuhitaji kuambiwa zaidi. Jioni ile aliyoihifadhi kompyuta, maabara ilikuwa imeshapima watu wa siku nzima, na majibu yao yote yalikuwa humo ndani, kila mtu na nambari yake. Kila asubuhi Tabby alipoirudisha nyuma, aliirudisha kwenye jioni ile, na wale watu wakarudi kukaa kwenye nambari zao. Mgonjwa wa tisa wa leo aliitwa tisa, Tabby akabonyeza tisa, na kompyuta, bila hila yoyote, ikatoa damu ya mtu wa tisa wa siku ile. Jina lilikuwa la leo kwa sababu Tabby ndiye aliyeliandika. Damu ilikuwa ya mtu mwingine, ambaye pengine wakati huo alikuwa sokoni akinunua nyanya, mzima wa afya.

Karatasi mkononi mwa Tabby ilisema Daisy ana kumi na tatu. Daisy mwenyewe alikuwa ameegemeza kichwa ukutani, mdomo wazi, akihema kama aliyepanda mlima.

"Ingiza damu ya mtoto wangu," Ouma akasema. "Achana na laptop. Angalia kidirisha cha mashine yenyewe."

Mashine ikanywa, ikazunguka, ikafikiria. Kidirisha chake kidogo kikaandika tatu nukta nane. Tabby alisoma, akasoma tena, akaweka mkono mdomoni.

"Fundi, hii si imeharibika?"

Ouma alikuwa ameshambeba mtoto. Korido ilikuwa nyembamba, na Ndegwa alikuwa anaipitia upande wa pili na kikombe cha chai. Ouma alimwambia kwa maneno machache, akihema: majibu si ya wagonjwa, hata moja, tangu mwanzo wa mwezi. Ndegwa aligeuka akaitazama benchi ya kina mama. Akauvuta mlango wa korido ukafungwa.

"Mpeleke mtoto kwanza," akasema kwa sauti ya chini. "Hiyo ingine tutaongea."

*

Daktari wa wodi alikuwa mwanamke mchanga aliyechoka. Alisema malaria ya huko nyumbani ziwani ilikuwa imeila damu ya mtoto kwa wiki kadhaa, na kwamba wangechelewa siku moja zaidi angekuwa anazungumza nao maneno mengine. Walimwongezea Daisy damu alasiri ile ile. Akeyo alikaa kando ya kitanda akiihesabu ile damu inavyodondoka kwenye mrija, midomo ikitembea kwa sala.

"Alipimwa mahali?" daktari aliuliza.

"Kliniki," Akeyo akasema. "Walisema yuko sawa."

Daktari alimtazama Ouma. Ouma aliitazama sakafu.

"Inaweza kushuka ghafla," Ouma alisema, na alipoyasikia maneno yake mwenyewe alishangaa jinsi yalivyotoka laini.

Ndegwa alikuja siku iliyofuata, saa ya kuona wagonjwa, na maziwa, mkate na matunda kwenye mfuko mkubwa. Alimwombea Daisy akiwa amemwekea mkono kwenye paji la uso, sala ndefu yenye machozi ya kweli ndani yake, maana hakuwa mtu mbaya kuliko watu wengine. Akeyo alimwita baraka ya Mungu. Kisha Ndegwa akamwomba Ouma amsindikize nje.

Walisimama kando ya kamba za kuanikia mashuka.

"Ile laptop nimeifungia kwa kabati," Ndegwa akasema. "Hakuna mtu ataiguza."

"Na wale watu?"

"Nitawaita pole pole. Nitawaambia ni kupima upya, ni ofa. Wale wako na simu."

"Na wale hawana simu?"

"Ouma." Ilikuwa mara ya kwanza kumwita kwa jina. "Tukipanda juu ya paa tupige kelele, nani atakuja kwanza? Polisi. Watauliza nani aliweka hiyo kompyuta ndani ya kompyuta. Watauliza cheti chake. Uko na cheti?"

Ouma hakuwa nacho. Alijifunza kazi kwa kufungua vitu vya watu na kuomba vifungike.

"Mimi nitapoteza kliniki," Ndegwa akaendelea. "Wewe utaenda ndani. Na kibanda, mimi siwezi kukuwekea kibanda na wewe uko ndani, si unaelewa? Mtoto wako Mungu amemwokoa. Shukuru. Hiyo ingine niachie."

"Kuna jirani yangu. Nilimtuma mimi. Mtoto wake ni mdogo, ana joto."

"Wakiwa hivyo ni meno. Nitamuita huyo wa kwanza."

Alimpigapiga bega, akaenda zake. Kabla Ouma hajafika mlango wa wodi, simu ilitetema mfukoni. Ulikuwa ujumbe wa pesa kutoka kwa Ndegwa, nyingi kuliko ile nusu aliyomdhulumu. Ouma alisimama pale mlangoni na simu mkononi, watu wakimpita na birika zao za uji. Angeweza kuzirudisha. Alijiambia ni za dawa, akaingia.

Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua, lakini hawakusema anayeficha maradhi ya wengine humuumbua nini. Ouma alijua. Alimshika Daisy mkono, akauona unapata joto, kucha zinapata rangi, akafurahi mpaka akataka kulia. Halafu akawaona wale kina mama kwenye benchi, kila mmoja na karatasi yake safi, wakitawanyika kuelekea Gatina, Riruta na Kibera, wametulia. Walikuwa wametulia kwa sababu yake. Alijiambia Ndegwa ameshawapigia. Alijiambia hivyo jioni, na alipoamka kwenye kiti cha wodi shingo ikimuuma alijiambia tena.

*

Alasiri ya siku hiyo Daisy aliomba chipsi.

Aliomba kwa sauti yake ya zamani, ya kununa, na Akeyo alicheka kwa nguvu hadi mama wa kitanda jirani naye akacheka bila kujua sababu. Aliketi kitandani akamsuka bintiye nywele upya, akizungumza kwa mara ya kwanza tangu waingie pale kama mwanamke ambaye kesho yake ipo.

"Baba Daisy, nataka nikuambie kitu, na usinicheke."

"Sema."

"Nisamehe. Ile mashine yako niliichukia bure. Nilikuwa nasema moyoni, huyu mwanaume anapenda mashine kuliko mtoto wake. Kumbe damu ilikuwa inaisha ghafla tu, vile ulisema. Ningekusumbua bure maisha yote."

Ouma alilivuta shuka la Daisy, akalinyoosha.

"Hata Mama Billy nimemwambia," Akeyo akaendelea, kitana mdomoni. "Amenipigia asubuhi. Alitaka kuja kumwona Daisy lakini Billy bado ana lile joto, na sasa anahema haraka haraka. Alikuwa anataka kumleta huku. Nikamwambia, Mama Billy, usimtese mtoto na foleni, karatasi yenu si ilitoka sawa? Ni mashine ya baba Daisy, haidanganyi. Mpe dawa ya meno, atulie."

Ouma alishika chuma cha kitanda.

"Ndegwa hajamuita?"

"Ndegwa amuite wa nini?"

Daisy alimtazama babake, kisha mamake. Ouma akasema palepale, mbele ya mtoto, mbele ya mama wa kitanda jirani, kwa sauti ambayo hakuweza kuipunguza. Alisema ile mashine haikumpima Daisy. Haikumpima Billy. Haikumpima mtu yeyote kwa wiki hizo zote, ilikuwa inarudia watu wa siku moja, na yeye ndiye aliyemwonyesha Tabby pa kubonyeza.

Akeyo alikitoa mdomoni kile kitana.

"Umejua lini?"

"Siku ile nimemleta Daisy."

"Siku ile." Aliyarudia maneno hayo kama anayejaribu uzito wake. "Umekaa hapa na mimi. Umekula na mimi. Umeniwacha nimwambie yule mama..."

"Ndegwa alisema atawaita."

"Mimi sijaolewa na Ndegwa."

Hakupaza sauti. Ouma angependa apaze. Akeyo alichukua simu ya mumewe kutoka juu ya kabati la kitanda, akamwekea mkononi, akavifunga vidole vyake juu yake kimoja kimoja.

"Mpigie. Wewe mwenyewe. Mimi nimeshamdanganya leo, sitampigia."

Aliitafuta nambari. Simu iliita, ikaita, na katika kuita kule Ouma aliahidi vitu vingi kwa Mungu: kurudisha pesa za Ndegwa, kwenda polisi kwa miguu yake, kuzunguka Kawangware mlango kwa mlango na kipaza sauti cha kanisa. Aliahidi kwa dhati. Ikashikwa.

"Baba Daisy!" Sauti ya Ndanu ilikuwa nyepesi, ya mtu aliyepumzika. Nyuma yake palisikika redio ya jirani na maji yakimwagwa. "Habari ya Daisy? Mama Daisy ameniambia anaendelea poa, hata nimeshukuru."

"Mama Billy, sikiliza. Billy yuko wapi?"

"Yuko hapa kitandani. Asante kwa kuuliza, nyinyi ni watu wazuri sana. Ile dawa imemsaidia. Asubuhi alikuwa anahema vibaya, analia, analia, mpaka nikaogopa. Sasa ametulia kabisa. Tangu saa sita hajalia hata kidogo, hata maziwa hajaomba. Nimepata nafasi ya kufua."

Akeyo alikuwa ameinama, sikio lake karibu na simu. Alifumba macho.

"Mwamshe," Ouma akasema.

"Ati nini?"

"Mwamshe, Mama Billy. Mwamshe sasa, umchukue, utoke hapo, chukua boda yoyote, nitalipa. Ile karatasi si yake. Mwamshe."

Ndanu hakuuliza tena. Walisikia simu ikiwekwa juu ya kitu kigumu, na karai likisukumwa, na nyayo zenye maji zikivuka chumba. Walisikia kitanda kikilia. Kisha wakaisikia sauti yake ikiwa mbali kidogo na simu, ya upole kwanza, ile ya mama anayeamsha mtoto wakati wa kula.

"Billy," alisema. "Billy. We Billy."